Nani Anamwambia Nani?

(Maneno haya niliyasema Jumamosi mbele ya waandishi chipukizi wa filamu, Dar es Salaam. Waliokosa kufika wameomba niyaweke yote, nami nimeyaweka. Vipande vya picha tulivyotazama ukumbini nimeviacha, palipohitajika nimesimulia.)

Wazee mliotutangulia kwenye fani, shikamooni. Vijana wenzangu (naona mnacheka, haya, vijana), habari za asubuhi.

Mwenyekiti amenikaribisha kwa maneno matamu, akasema nitazungumzia utambulisho. Neno hilo likiingia ukumbini watu huanza kutafuta chaja za simu, kwa hiyo sitalirudia. Mimi nimekuja na habari za jikoni, za papai bichi, na za swali moja ambalo nitawauliza mpaka mnichoke: nani anamwambia nani?

Mvietnam wa kwanza niliyemwona maishani alikufa kabla sijajua jina lake.

Nilikuwa na miaka tisa au kumi, Tanga, kwenye banda la video. Benchi za mbao, turubai juu, joto la kupikia wali. Kaka yangu alinipitisha mlangoni nimevaa kofia yake ili nidhaniwe mvulana. Mbele televisheni moja, na pembeni yake DJ ameshika maiki iliyofungwa selotepu. Yule DJ alikuwa fundi, jamani. Kila aliyefungua mdomo kwenye picha alipewa Kiswahili chake. Askari wa Kimarekani aliongea kama mvuvi wa Sahare, kamanda wake akaongea kama balozi wa nyumba kumi. Wakatokea Wavietnam. DJ kimya. Wakapiga kelele, wakakimbia, wakaanguka. Mtu akauliza kutoka nyuma, "DJ, hao wanasemaje?" DJ akajibu kwenye maiki: "Hao hawana maneno, hao kazi yao kufa." Banda zima likacheka. Na mimi nikacheka.

Simlaumu DJ. Mtu hatafsiri kisichoandikwa. Aliyeandika skripti ile huko Marekani ndiye aliyewanyima maneno.

Na kuna jambo nililokuja kuligundua ukubwani: hata hiyo Vietnam yenyewe sikuwa nimeiona. Rambo ya pili, ya mwaka 1985, ilipigwa Mexico. Apocalypse Now ya 1979 ilipigwa Ufilipino. Full Metal Jacket ya 1987 ilipigwa Uingereza, kwenye kiwanda cha gesi kilichokwisha kufungwa jijini London, na miti ya jamii ya mitende ikaagizwa kutoka Hispania ili ionekane Asia. Yule mwanamke wa Kivietnam ninayemkumbuka kwenye Rambo, Co, aliigizwa na Julia Nickson, mzaliwa wa Singapore, naye akapigwa risasi punde tu baada ya kumbusu shujaa. Kwa hiyo mimi mtoto wa Tanga nilikaa miaka nikiamini naijua Vietnam, kumbe najua Mexico, najua Ufilipino, na najua kiwanda cha gesi.

Sasa kuna anayejiuliza: wewe dada wa Tanga, na Vietnam wapi na wapi? Swali la haki. Ingawa nusu ya ukumbi huu mna laini ya Halotel mfukoni, na Halotel ni ya Wavietnam, kwa hiyo msijifanye wageni sana.

Jibu langu nalikopa kwa mtu. Yuko mwanamke anaitwa Trinh T. Minh-ha, alizaliwa Hanoi mwaka 1952, akaenda Marekani mwaka 1970. Mwaka 1982 alitoa filamu yake ya kwanza, na hiyo filamu haikuhusu Vietnam. Ilihusu vijiji vya Senegal, nchi aliyoishi akifundisha. Ndani ya filamu ile anasema wazi kwamba hakusudii kusema juu ya watu wale. Anakusudia kusema karibu nao. Mnaona tofauti? Ukisema juu ya mtu, umesimama darini unamwangalia. Ukisema karibu naye, umeketi naye jamvi moja. Basi mimi leo nasema karibu na Wavietnam. Na jamvi lenyewe nilipewa San Jose, California, kwenye chumba cha kupanga.

San Jose ndio mji wenye Wavietnam wengi kuliko mji wowote nje ya Vietnam, zaidi ya watu 100,000. Wengine walitoka Saigon, mji mkuu wa Vietnam Kusini, ilipoanguka mikononi mwa Wakomunisti wa Kaskazini, tarehe 30 Aprili 1975, kwa ndege na meli. Wengine walifuata baadaye kwa mashua. Shirika la Umoja wa Mataifa la Wakimbizi linahesabu karibu watu 800,000 waliofika salama nchi za jirani kwa mashua kati ya 1975 na 1995. Waliozama hakuna aliyewahesabu. Mama mwenye nyumba wangu alikuwa mmoja wa waliofika. Alipitia Pulau Bidong, kile kisiwa cha Malaysia kilichogeuzwa kambi.

Siku za kwanza nilimwita kwa Kiingereza, "you". You, where is the key? You, I have paid. Hakunisema. Ila chakula nilichopikiwa siku ya kwanza sikukiona tena siku ya pili.

Juma likaisha. Jioni moja akaniita jikoni, akanikalisha, akaniuliza: "Mama yako ana miaka mingapi?" Nikashtuka. Kodi yangu na umri wa mama yangu vinahusianaje? Nikamtajia. Akahesabu kwa vidole, midomo ikimchezacheza. Mama yangu kamzidi miaka miwili. Akapumua kama mtu aliyetua mzigo. "Basi mimi ni dì wako. Na wewe ni con."

Dì, ndugu zangu, ni mama mdogo. Con ni mwana.

Nikahisi nimerudi Chumbageni, Tanga. Kwa sababu sikilizeni: bác, kaka wa baba, ni baba mkubwa. Chú ni baba mdogo. Cô, dada wa baba, ni shangazi. Cậu, kaka wa mama, ni mjomba. Kiingereza kina uncle mmoja anafagia wote, wa kuumeni na wa kukeni, mkubwa na mdogo. Kivietnam hakikubali, na sisi hatukubali. Tena wao wamekwenda mbele kuliko sisi: majina hayo ndiyo wanayotumia badala ya "mimi" na "wewe". Huwezi kumwambia mtu "nimechoka" kabla hujajua wewe ni nani kwake. Ni mwana uliyechoka? Ni mdogo uliyechoka? Ni shangazi uliyechoka? Ndiyo maana aliuliza umri wa mama. Bila ule umri, yule mwanamke alikuwa hana neno la kuniitia ndani ya nyumba yake mwenyewe!

Yeye aliitwa Dì Tư, yaani mama mdogo wa Nne. Lakini kwao alizaliwa wa tatu. Nikadhani nimesikia vibaya. La. Watu wa kusini mwa Vietnam mtoto wa kwanza humwita wa Pili, na kuanzia hapo wote wanasogea. Ukiuliza kwa nini, kila mzee ana sababu yake, na kila sababu ina mzee anayeibishia. Mimi niliacha kuuliza.

Nani anamwambia nani? Mwanamume anayempenda mwanamke atasema anh yêu em: "kaka anampenda mdogo." Mwanamke atasema em yêu anh: "mdogo anampenda kaka." Sisi tuna "nakupenda", na hapo Kiswahili chetu kimefunika kombe. Neno la "mimi" lisilo na udugu lipo, tôi, unalikuta ofisini na kwa wageni. Lakini mke aliyekuwa akijiita em akiamka asubuhi akajiita tôi mbele ya mumewe, mume huyo aanze kutafuta wazee wa kumwombea radhi. Hakutukanwa. Amefanywa mpita njia.

Hapo ndipo niwapeleke darasani.

Nilikuwa nasoma uandishi wa skripti jioni, watu kumi na wawili tumezunguka meza. Mmoja wetu alikuwa dada aliyezaliwa Vietnam, akaletwa Marekani akiwa mdogo. Alikuwa anaandika filamu ya baba na binti wenye saluni ya kucha. Na saluni ya kucha kwa Wavietnam wa Marekani si kitu cha kubuni, ina historia. Mwaka 1975 mwigizaji Tippi Hedren alitembelea kambi ya wakimbizi karibu na Sacramento. Akaona wanawake wa Kivietnam wanazishangaa kucha zake, akamleta mtengeneza kucha wake awafundishe. Wanawake 20. Kutoka kwa hao ikaota biashara iliyoenea nchi nzima.

Basi dada yule akatusomea onyesho. Saluni imefungwa, baba anahesabu pesa, binti anafagia. Baba anamwambia kesho aje mapema. Binti anajibu kwa Kivietnam, na chini ya picha yatatokea maandishi: "Nimechoka." Baba anaacha kuhesabu. Mwisho wa onyesho.

Mwalimu akavua miwani. Akasema: ukurasa mzima hakuna kinachotokea.

Nikamwangalia yule dada. Nikauliza, "Binti amesema con mệt?" Akanitazama kama aliyemwona jini. Akasema, "Hapana. Tôi mệt."

Jamani. Mikono ilinisisimka. Mtoto aliyejiita "mwana" mbele ya baba yake tangu alipojua kusema, leo amejiita "mimi". Kwenye ule ukurasa ilikuwa imevunjika nyumba, na aliyeona kuvunjika ni mimi na mwandishi. Wenzetu kumi waliona msichana aliyechoka kufagia.

Nikajaribu kuwaeleza kwa njia ya kwetu. Tanga, mtoto mwenye adabu akichoka humwambia mzazi: "Baba, mwanao nimechoka." Siku akisema "nimechoka" kavu, bila "baba", bila "mwanao", mzee ataweka kikombe chini. Mwajua. Mwenye baba wa Pwani humu anajua. Lakini nikisema hivyo kwa Kiingereza, darasa linaona mapambo tu. Hapo nikaelewa kazi ya mwandishi aliyehama ilivyo ngumu. Bendera atabeba. Vazi la áo dài atabeba, linakunjwa. Phở, ile supu yao ya tambi, atapika. Lakini lile neno linalosema wewe ni nani kwangu, likishuka uwanja wa ndege halina mtu wa kulipokea.

Afanyeje? Ngoja niwaambie alichofanya yule dada, maana hapa ndipo pana ufundi, na ninyi mmekuja kutafuta ufundi, hamkuja kulia.

Mwalimu alimshauri binti apewe hotuba: amwambie baba kwa Kiingereza kwamba amekulia kati ya dunia mbili, na kadhalika. Hotuba hiyo mmeisikia mara ngapi kwenye filamu? Mimi nimepoteza hesabu. Dada akakataa. Akarudi kwenye kurasa za mwanzo, akaanza kupanda mbegu. Watoto wa Kivietnam, hasa wa kusini, hufundishwa kukunja mikono kifuani na kuinama kidogo kumuaga mzazi wanapotoka na kumwamkia wanaporudi. Akaandika onyesho la binti mdogo anafanya hivyo kwa haraka, begi la shule mgongoni. Wavietnam humpa mkubwa kitu kwa mikono miwili. Akaandika binti akimpa baba chai kwa mikono miwili, tena ukurasa wa kumi na tano, tena ukurasa wa thelathini, kikombe kilekile chenye ufa. Hakueleza chochote. Kisha akafika kwenye lile onyesho la kufagia. Binti anasema tôi mệt, maandishi chini yanasema "Nimechoka", na anamsogezea baba kikombe kwa mkono mmoja.

Siku aliposoma tena, meza nzima ilikaa kimya. Mwalimu, kwa uungwana wake, alisema: "Sasa nimeona."

Kilichokataa kwenye ulimi alikihamishia mikononi. Ninyi mliolelewa kwamba kumpa mtu kitu kwa mkono wa kushoto ni tusi, hamhitaji maelezo zaidi.

Na hili la mikono si uvumbuzi wa darasa letu. Yupo aliyelifikisha kileleni. Trần Anh Hùng alizaliwa Da Nang mwaka 1962. Mwaka 1975, ana miaka 12, familia ikahamia Ufaransa. Mwaka 1993 akatoa filamu yake ndefu ya kwanza, Mùi đu đủ xanh: harufu ya papai bichi. Inamhusu msichana wa miaka kumi, naye anaitwa Mùi, "harufu", anayeletwa Saigon mwaka 1951 kuwa mtumishi wa ndani.

Ni filamu ya maneno machache sana. Mùi hupewa papai bichi. Analichagachaga kwa kisu, chaga, chaga, chaga, kisha analiparua nyuzi nyembamba za kachumbari. Sisi papai bichi tunalijua kwa kulainishia nyama, basi, tukishamaliza tumesahau. Huyu bwana anaikaribisha kamera. Kikonyo kinakatwa, utomvu mweupe unadondoka tone kwa tone juu ya jani. Papai linapasuliwa, na ndani zimejaa mbegu nyeupe, zimepangana kama lulu, maana bado hazijaiva kuwa nyeusi. Mtoto anaingiza kidole, anazigusa, anatabasamu peke yake. Hakuna anayemwambia mtu kitu. Ni mtumishi, na mtumishi hasemeshwi, anaagizwa. Mbegu za papai zinamsemesha. Kule banda la video Mvietnam hakuwa na maneno kwa sababu mwandishi hakumjali. Hapa mtoto hana maneno, na dakika mia moja humwachi macho.

Sasa swali: mpapai ule uko wapi? Kila aliyeitazama atasema Saigon. Filamu nzima ilipigwa studio, kando ya Paris. Nyumba ilijengwa, ua ukapandwa. Mwongozaji amewahi kusema kwamba alichokuwa anakitafuta ni namna mama yake alivyokuwa akifanya kazi za nyumbani, ile mikono. Mikono haikuhitaji Saigon. Ilikuwa imehama naye.

Ile filamu ilipata Kamera ya Dhahabu, tuzo ya filamu ya kwanza ya mwongozaji, pale Cannes, tamasha kubwa la filamu la Ufaransa, mwaka uleule, kisha ikateuliwa kuwania Oscar ikiiwakilisha Vietnam. Vietnam, kwa filamu iliyopigwa Ufaransa! Miaka 30 baadaye, 2023, mtu yuleyule akapewa tuzo ya mwongozaji bora Cannes kwa filamu ya mpishi wa Kifaransa wa karne ya 19, na safari hiyo Ufaransa ndiyo iliyomchagua akaiwakilishe kwenye Oscar. Huyu wa wapi? Mimi nimetazama zote mbili, na ninachowaambia ni kwamba anavyomwangalia mpishi wa Kifaransa akimenya mboga ndivyo alivyomwangalia Mùi na papai lake.

Nimeonyeshwa kikaratasi cha muda. Bado, mheshimiwa. Kuna sehemu inauma sijaifikia.

Kwa Kivietnam, nchi ni nước. Maji nayo ni nước. Neno ni moja. Ukisema mất nước umesema tumepoteza nchi, na daktari akilisema juu ya mtoto anayeharisha ana maana kaishiwa maji mwilini. Dì Tư alikuwa akilitamka neno hilo kila Aprili. Tarehe 30 Aprili nchini Vietnam ni sikukuu ya taifa, siku ya kuungana, na watu wako mapumzikoni. Siku hiyohiyo San Jose inaitwa Aprili Nyeusi. Dì Tư alifukiza udi mbele ya picha ya kaka yake juu ya madhabahu ya wazee, akaweka bakuli la wali, machungwa matatu, na kikombe cha kahawa yenye maziwa mazito, kwa sababu marehemu alipenda kahawa.

Siku moja, majina mawili. Wewe mwandishi uliyezaliwa Vietnam ukakulia Marekani, unaandika ya nani? Nani anamwambia nani?

Mwongozaji Tony Bui alizaliwa Saigon mwaka 1973, akaondolewa ana miaka miwili, akakulia Sunnyvale, jirani kabisa na nilipopanga. Alirudi Vietnam kwa mara ya kwanza akiwa kijana. Marekani ilipoondoa vikwazo vyake vya biashara dhidi ya Vietnam mwaka 1994, yeye ndiye aliyepiga filamu ya kwanza ya Kimarekani ndani ya Vietnam, Three Seasons, sehemu kubwa kwa Kivietnam. Lakini ili apige picha kule ilibidi serikali ipitie skripti yake kwanza. Kila mstari ulikuwa na msomaji ambaye hakumwalika. Kwenye filamu ile kuna msichana anayeuza mayungiyungi mabichi mjini, na wenzake wanauza ya plastiki yaliyopuliziwa manukato. Ya plastiki hayanyauki. Ndiyo yanayonunuliwa. Nadhani mle ndani alijiandika mwenyewe, aogopaye kuwa ua la plastiki, ingawa hilo ni langu, yeye sikumsikia akilisema.

Januari 1999 filamu hiyo ikachukua kwenye Sundance, tamasha la filamu la Marekani, tuzo kuu ya majaji, tuzo ya watazamaji na ya upigaji picha. Na mwanzoni mwa mwaka huohuo, Westminster, kusini mwa California, mwenye duka la video wa Kivietnam akatundika dukani kwake picha ya Ho Chi Minh, aliyekuwa kiongozi wa Wakomunisti wa Kaskazini. Maelfu ya watu wakajaa nje, siku baada ya siku, kwa majuma. Wazee wenye makovu ya kambi za kufundwa upya, walikofungwa na serikali mpya baada ya vita, akina mama waliozika watoto baharini. Duka la video, ndugu zangu! Sitaki kutoa hukumu juu ya watu wale. Nataka tu mfikirie mwandishi kijana aliyesimama katikati mwaka ule. Kule nyumbani kuna ofisi inasoma skripti yake kwa kalamu nyekundu. Huku ugenini kuna mashangazi wanaoweza kujaa mlangoni kwake.

Mwongozaji Ham Tran, naye Mvietnam wa Marekani, alichagua mashangazi. Filamu yake ya mwaka 2006, Journey from the Fall, inahusu zile kambi za kufundwa upya na zile mashua. Hakuweza kuipiga Vietnam, akaipiga Thailand, na fedha zilitoka mifukoni mwa Wavietnam wa Marekani wenyewe. Bibi kwenye filamu ile ni Kiều Chinh. Huyu alikuwa nyota wa Saigon, uso wake ukijulikana na kila mtu. Mwaka 1975 akatua Toronto mikono mitupu, na kazi yake ya kwanza ilikuwa kusafisha mabanda ya kuku. Ni Tippi Hedren huyohuyo wa kucha aliyemsaidia kufika California. Unapomwona mle ndani amekaa kwenye mashua amemkumbatia mjukuu, kuna muda macho yake hayaigizi. Sijui niseme vipi. Yanakumbuka.

Na Trinh T. Minh-ha, yule wa jamvi, alifanya ujanja mwingine. Mwaka 1989 alitoa filamu ambamo wanawake wa Vietnam wanahojiwa, wanaeleza maisha yao baada ya vita kwa Kiingereza kizito cha kuvuta. Unawaamini. Katikati unatambua kwamba hao ni wahamiaji wanaoishi California, wanaigiza mahojiano ya wanawake waliobaki nyumbani, na baada ya hapo wanaonyeshwa wakiwa wao wenyewe. Waliohama wanayasema maneno ya wasiohama kwa vinywa vyao. Nilipoitazama mara ya kwanza nilikasirika, nikaona nimedanganywa. Mara ya tatu ndipo nikafikiri juu ya mimi na shangazi yangu aliyebaki Tanga, na kwamba kila ninaposimulia habari zake kwa wageni namwigiza.

Haya, sasa kweli nimeishiwa muda, katibu ameshasimama. Ahsanteni kwa kunisikiliza. Acheni niwaage na la juzi.

Siku hizi niko Dar, na Dì Tư hupiga simu akikumbuka. Saa za kule na huku haziafikiani, kwa hiyo hunikuta ama nimelala ama ndio naamka. Juzi alipiga alfajiri. Hasalimii kwa "hujambo". Husema kama wasemavyo akina mama wa kwao, con ăn cơm chưa? Mwana, umekula wali?

Nami nikaitika kwa dạ, ambalo mtoto huliweka mbele ya jibu kwa mkubwa kama sisi wasichana wa Pwani tunavyoitika "abee". Dạ, con ăn rồi. Abee, mwanao nimekula.

Nilikuwa sijatia kitu kinywani tangu mchana wa jana yake.

Akanyamaza kidogo. Nikasikia sufuria inafunikwa upande wa pili wa dunia. Akauliza: "Umekula nini?"